Jirani wa Kaskazini

Mwanaheri aliligundua jambo lenyewe kwenye kufagia. Kila asubuhi alipotoka na ufagio wake alikuta upande wa kaskazini wa uwanja umeshafagiwa, kuanzia jikoni hadi kwenye minyaa ya mpaka, wala hapakuwa na unyayo hata mmoja. Mwanzoni alifurahi, maskini. Mjane aliye ugenini hufurahia hata kufagiliwa.

Mumewe Abdalah, muuza vitenge mjini Kibondo, aliinunua nyumba hiyo ya njia ya Murungu mwaka 2011, akafariki mwaka uliofuata. Hawakujaliwa mtoto. Ndugu zake Mwanaheri walikuwa Pangani, na simu zao zilipungua mpaka zikabaki za sikukuu ya Idi tu. Nyumba ndiyo iliyokuwa kila kitu chake, na sasa, mwaka 2014, Pasikali aliyewauzia alitaka kuirudisha mikononi mwake, kwa kuwa alikuwa amepata mnunuzi mwingine.

Hoja yake ilikuwa ya mtu asiye na haya. Hati ya mauziano ilitaka majirani wa pande zote nne watie dole gumba. Watatu walitia. Upande wa kaskazini, palipoandikwa "Niyonsaba", palikuwa peupe, na Pasikali alilieleza Baraza la Ardhi la Kata kwamba hati yenye pengo si hati. Aliyeliandika jina hilo ni yeye mwenyewe.

Mwanaheri akaenda kwa Tharsisi, jirani wa mashariki, kumuuliza huyo Niyonsaba anapatikana wapi. Mzee akatazama chini. Alisema Niyonsaba alikuwa shangazi yake Pasikali, mwenye shamba lote lile, aliyekufa bila mtoto mwaka ule wakimbizi wa Burundi walipomiminika, akazikwa pale pale nyuma ya jiko. Pasikali alipofika upande wa kaskazini hakuwa na jirani wa kuandika, akaandika kaburi.

"Kwetu hatumwandiki maiti kuwa jirani wa mpaka, mama," alisema kwa sauti ya chini. "Ukimwandika, umemwita."

Tangu siku hiyo Mwanaheri hakuufurahia tena uwanja uliofagiwa. Adhuhuri, jua likiwa utosini, harufu ya udongo uliochimbuliwa sasa hivi iliingia ndani, na jikoni kikasikika kikohozi kikavu cha bibi kizee, halafu kinu, kinu ambacho yeye hakuwa nacho, kikitwangwa polepole, na kila alipojikaza akasogea mlangoni kilinyamaza, na kila alipoketi kilianza tena, karibu zaidi, mpaka akawa anakula kibarazani, mgongo ameupa ukuta, akiogopa kugeuka na akiogopa zaidi kuondoka, maana nyumba ikikutwa tupu Pasikali angetia kufuli lake.

Shehe Lukmani alikuja kutoka Kasulu na ubani wake. Alisoma kwa nusu saa tu, na kile kikohozi kikaanza kurudi nyuma, kikitoka jikoni kuelekea kwenye minyaa. Mwanaheri akamwomba anyamaze.

"Mwache, shehe. Huyu ndiye shahidi niliyebaki naye."

Shehe alimtazama sana. "Asiye na mwili atatia vipi dole gumba, bibi?"

Mwanaheri alijua tu kwamba mwaka mzima hakuna mtu aliyemuuliza kama amekula, na kwamba kukaa na kikohozi ndani ya nyumba yake kulikuwa afadhali kuliko kukaa barabarani. Shehe akakunja msala wake akaondoka, akimwombea.

Jumatano iliyofuata Baraza lilikuja kukagua mipaka. Katibu aliita majirani mmoja mmoja, kila mtu amesimama upande wake, nao wakaitika. Akaliita na jina la kaskazini, kwa kufuata utaratibu tu, huku Pasikali akitabasamu.

"Ndi hano," sauti ikajibu kutoka jikoni. Nipo hapa.

Wajumbe wawili walikimbia wakaacha kandambili zao. Pasikali alikaa chini kwenye vumbi. Katibu, aliyehamishiwa huku kutoka Singida na mwenye kupenda taratibu kuliko roho yake, akasema kwa kunong'ona kwamba shahidi inabidi atie dole gumba. Hakuna aliyekuwa tayari kuipeleka ile hati ndani. Mwanaheri akaichukua pamoja na kidau cha wino, akaingia jikoni. Kwa hesabu yake alikaa humo kitambo kidogo tu, lakini alipotoka jua lilikuwa limeshaegemea magharibi. Hati ilikuwa na alama nne kamili. Mwenyekiti alitamka haraka haraka kwamba kiwanja ni cha mama huyu, na watu wakatawanyika.

Alibaki peke yake, na nyumba yake. Akateka maji atawadhe. Alipoyamimina mikononi aliona dole gumba lake la kulia limejaa wino wa zambarau, na kadiri alivyolisugua ndivyo wino ulivyozidi kukolea. Nje ya minyaa Tharsisi akaita, akauliza kama mama yu mzima. Mwanaheri alifungua kinywa amwambie anaogopa, aje akae naye walau mpaka magharibi.

Kilichotoka kilikuwa Kiha kilichonyooka, lugha ambayo miaka yote hiyo hakuwahi kuijua zaidi ya salamu, kwa sauti kavu aliyoijua Tharsisi tangu utoto wake. Ilimweleza kwa upole kwamba yule mama wa pwani ameshahama.