Jina la Pili la Selembi

— Nyamaza Yasmini, mama. Selembi akisikia unalia ataruka akaite jina la mtoto mwingine.

Mektilda alikuwa ameshika pindo la kitenge. Akaliachia. Asubuhi ile alikuwa ametoka Dutwa kwa basi, akaja Bariadi mjini kutafuta nguo ya siku ya mahari yake, na duka aliloingia ni hili la Zena. Walikuwa hawajuani hata kwa sura.

— Dada, huyo Selembi umemsikia wapi?

Zena akacheka huku akimfuta mtoto machozi.

— Ndege wa baba yake huyu. Eti anaishi Igulya, nchi iliyo juu ya mawingu. Kule pamba ndiyo mawingu yenyewe, na ng'ombe wanakunywa umande. Kila Selembi ana jina la mtu mmoja kooni. Akiliita, mvua inanyesha nyumbani kwa mtu huyo huku chini. Hadithi hii baba yake alinitungia mimi, kabla huyu hajazaliwa.

Maneno yaleyale, hata umande wenyewe. Mektilda aliyajua kama anavyoijua njia ya kisimani kwao.

Misimu miwili nyuma aliyasikia uani kwa baba yake, juu ya mkeka wa kuchambulia pamba. Nyeupe, ile safi, upande huu. Yenye madoa na takataka, ile fifi, upande ule. Kazi hiyo inaumiza mgongo na haiendi bila hadithi. Bundala, huyu anayemposa sasa, alikuwa anakuja kusaidia, na kila mtu alijua kilichomleta si pamba. Siku moja aliinama akamnong'oneza: "Hii nimekutungia wewe. Hakuna sikio lingine limewahi kuisikia." Binti wa watu akaamini. Nani asingeamini?

Barua yake ya mwisho ilikuwa kwenye pochi, imekunjwa mara nne: "Mektilda wangu, Selembi ana jina moja tu kooni. Jumamosi naleta ng'ombe. Mwisho wa hadithi nitakwambia ukishaingia ndani kwangu."

— Ina mwisho, hiyo hadithi? Mektilda akauliza.

Aliyejibu ni Yasmini, mtoto wa miaka minne, machozi bado yako shavuni.

— Selembi mmoja alikuwa na tamaa. Akaweka jina la pili kooni. Likamkwama. Hakumeza, hakutema.

— Na yule mwenye jina la pili?

— Hakunyeshewa. Alikaa anatazama mawingu mpaka akazeeka.

Mektilda alikaa kwenye gunia la chumvi bila kukaribishwa.

— Mdogo wangu, unaumwa?

— Baba yake anaitwa nani, dada?

— Bundala. Zena akachukua mkasi, akaanza kumkatia kitenge. — Ananunulia kampuni pamba huko vijijini. Tangu watu binafsi waruhusiwe kununua, hatulii nyumbani. Amesema msimu ukiisha tunakwenda kwa shehe.

— Kitenge hiki ni changu, Mektilda akasema. Nachumbiwa Jumamosi. Na huyohuyo Bundala.

Mkasi wa Zena ukasimama katikati ya kitambaa. Akamtazama mgeni wake kuanzia kichwani mpaka kwenye ndala. Mektilda akatoa barua, akamwekea juu ya meza. Zena akaisoma, akairudia, kisha akaikunja vilevile mara nne.

— Mwandiko wake, akasema. Miaka mitano ananidanganya, na mimi namfulia nguo.

— Sikujua, dada. Haki ya Mungu sikujua.

— Ungejua usingekuja kununua kitenge kwangu. Akamalizia kukata kitambaa. — Jumamosi saa ngapi?

*

Jumamosi ng'ombe waliingia uani kwa mzee Mashimba wakiwa wazima, wamenona. Mzee alikuwa amepoteza zizi zima kwa ukame wa miaka miwili mfululizo. Alipowaona machozi yalimlenga, akajifanya vumbi limemwingia jichoni. Mektilda alimwona, na hilo ndilo lililomuuma kuliko Bundala. Neno moja tu kinywani mwa binti, na zizi lile lingebaki tupu.

— Mektilda, baba yake akaita. Wageni hawa unawafahamu? Tupokee mahari?

Akatoka, akapiga magoti, akamwamkia. Kitenge kipya kilimkaa vizuri.

— Mwadila, baba. Nawafahamu. Ila huyu Bundala ana hadithi hakuimaliza. Aimalize hapa, nami nitajibu.

Watu wakacheka. Mshenga akasema kumbe bibi harusi anataka kubembelezwa mbele za watu. Bundala mwenyewe akatabasamu, akarekebisha kola ya shati. Kwa maneno alikuwa hashindwi.

— Ya Selembi? Basi sikilizeni. Selembi aliruka kutoka Igulya, akaliita jina lake moja, mvua ikanyesha kwa Mektilda mpaka visima vikafurika.

— Hakuwahi kuweka jina la pili?

— Aliwahi, wanasema. Bundala akaona amepata njia ya kuwachekesha. — Lakini koo lake lilikuwa pana. Wote wawili wakanyeshewa, kila mtu akafurahi.

— Baba, sivyo.

Sauti ilitoka nyuma, kwa akina mama. Yasmini alikuwa amesimama juu ya mapaja ya Zena, aliyejitanda kanga mpaka usoni, ili aone vizuri.

— Umekosea, baba. Yule wa pili hakunyeshewa.

Mzee Mashimba alimtazama mtoto, akamtazama Bundala, na hakuhitaji kuelezwa. Pua ilikuwa moja.

— Mtoto wa nani huyu? akauliza hata hivyo.

— Baba, haya ni mambo ya zamani, Bundala akaanza, nilitaka tu...

— Nimekuuliza mtoto wa nani.

— Wangu.

Zena akainuka, akamfunga mwanawe mgongoni kwa kanga.

— Usinifuate, Bundala. Nguo zako utazikuta kwa mshonaji wa jirani.

Mektilda bado alikuwa amepiga magoti.

— Baba, hukumu ni yako. Najua hali ya zizi.

Mkono wa mzee ulikuwa juu ya mgongo wa ng'ombe mmoja mwekundu, na aliupapasa kabla ya kuuondoa.

— Rudisheni ng'ombe wenu, akasema. Zizi tupu nimelizoea.

Walipoondoka walitimua vumbi mpaka barabarani. Mektilda hakuangalia. Alivua kitenge, akavaa gauni la kazi, akatandika mkeka uani, akamwaga gunia la pamba, akaanza kutenga. Alilia bila sauti, mikono haikusimama.

Mama yake akaja, akachuchumaa pembeni.

— Acha, mwanangu. Siku hizi hakuna anayetenga. Kampuni zinachukua yote, safi na fifi gunia moja.

— Najua, mayu.

— Sasa unamtengea nani?

Mektilda aliokota pamba yenye doa, akaigeuza kwenye mwanga, akaitupa upande wake.

— Mimi mwenyewe, akasema. Sogea mama, umekalia safi.