Kamera Ndani ya Chungu

Mtumbwi ulikuwa umekula maji nusu, na Hellen bado anapiga picha!

Jamani, kazi gani hii? Alishapiga filamu za majangwa, za misitu na za vilele vya barafu, jina likavuka mipaka. Lakini huko kote kulikuwa na wa kuvuta kamba na wa kubeba maji. Leo, ziwani kati ya Ikombe na soko la Lyulilo, walikuwa wawili tu: yeye na shangazi yake Rut, mfinyanzi, aliyekuwa anapeleka vyungu sokoni.

Na kosa lilikuwa la Hellen. Asubuhi aliomba majani yaliyobana vyungu yatolewe, vyungu vipangwe kimoja juu ya kingine, vipendeze kwenye kamera. Shangazi alisonya, akakubali. Mtoto wa kaka, utamfanyaje? Kisha upepo wa mwera ukaja bila hodi. Wimbi la kwanza likaviporomosha vyungu upande mmoja, mtumbwi ukainama, kopo la kuchotea maji likaenda zake. Upepo ukaanza kuwasukuma kwenye miamba.

"We Hellen! Weka hicho kidude, shika chungu!"

"Shangazi, kidogo tu, hii ndiyo picha yenyewe..."

"Picha ya maiti ataitazama nani? Chota!"

Wimbi jingine likampiga kifuani. Akainua macho, akaiona miamba ilivyo karibu. Aliogopa, tena aliogopa hasa. Akaisokomeza kamera ndani ya chungu kikubwa bila hata kuizima, akakibana kwa magoti, akanyakua chungu kidogo na kuanza kuchota.

Alichota mpaka mikono ikafa ganzi. Shangazi alipiga kafi, akimfokea na kumsifia kwa pumzi moja. Vyungu vingine walivitupa majini, mtumbwi ukanyanyuka. Miamba ikapita ubavuni, karibu sana, kisha mchanga wa Matema, penye soko, ukakwaruza chini yao. Wanawake wa sokoni waliingia majini hadi kiunoni kuwavuta, wakicheka na kulia.

"Ndaga fijo," shangazi aliwashukuru, akakaa chini kama gunia la mpunga.

Filamu ilionyeshwa kwanza ukumbini Kyela. Ilipofika dhoruba, picha ilikuwa duara la mbingu tu, lililozungukwa na mdomo wa chungu, na sauti ya Hellen.

"Mama weee! Nachota! Nachota!"

Ukumbi ulivunjika mbavu. Hellen alijifunika uso kwa khanga ya shangazi. Halafu ikaja sauti yake nyingine, ndogo:

"Shangazi, usiniache."

"Nikuache niende wapi, mwanangu? Chota."

Hakuna aliyecheka tena. Hellen aliutafuta mkono wa shangazi gizani, akaushika.

Siku ya soko iliyofuata, shangazi alimkuta ufukweni Ikombe akifungasha vyungu kwa majani, kimoja kimoja.

"Na kamera iko wapi?"

"Nimeiacha nyumbani," alisema Hellen, akainua mikono yote miwili. "Nimekuja na makopo ya kuchotea maji."