Kamba za Mbuzi Kumi na Sita

Kila alasiri akitoka shuleni, Igoki alivua sare, akala githeri upesi upesi, kisha akaenda kumsaidia Cucu, bibi yake, kurudisha mbuzi bomani. Msimu wa mazao, kuwafunga asubuhi ilikuwa kazi ya Cucu mwenyewe. Macho ya bibi huyo yalikuwa yamefifia, lakini mafundo aliyafunga kwa kupapasa, na hakuna mbuzi aliyewahi kumponyoka.

Ndengu zilipokaribia kukomaa, majirani walikubaliana, kama kila msimu, kwamba mbuzi wote wafungwe hadi mavuno yaishe. Kivuti, baba yake Igoki, akanunua kamba mpya ya mita arobaini huko Siakago.

"Igoki, msomi wetu ni wewe," alisema. "Kila mbuzi apate mita mbili na sentimita themanini. Kata, halafu uniambie zimetoka ngapi."

Igoki akachukua kijiti na kuandika mchangani. Mita arobaini ni sentimita 4000. Mita mbili na sentimita themanini ni sentimita 280. Akagawanya: kumi na nne, baki themanini. Akakunja uso. Tangu Gredi ya Nne alichukia baki kuliko adhabu. Akiliona tu, alidhani amekosea. Isitoshe, mbuzi walikuwa kumi na sita! Akajaribu kugawanya 4000 kwa 16. Ikatoka 250 kamili, bila baki. Raha iliyoje! Akakata vipande kumi na sita vya mita mbili na nusu.

"Zimetosha mbuzi wote, Baba."

"Mita mbili na themanini kila moja?"

"Ndiyo," Igoki alijibu bila kumtazama.

Siku ya tatu, alipotoka shuleni, alimkuta jirani yao Ruguru uani, amejishika kiuno. Beberu wao alikuwa amechomoka na kufyeka mistari miwili ya ndengu zake.

"Sitaki ugomvi, Baba Igoki, lakini watoto wangu watakula nini?"

Kivuti aliomba radhi na kuahidi kumlipa kwa ndengu za shamba lake. Ruguru alipoondoka, akamgeukia Cucu.

"Mama, umechoka sasa. Kuanzia kesho pumzika. Nitatafuta kibarua wa kufunga mbuzi."

Cucu akaitazama mikono yake. "Labda ni kweli, mwanangu. Siku hizi nikifunga, kamba inaniishia mkononi kabla sijamaliza. Nadhani vidole vimesahau kazi."

Igoki alijua vidole vya Cucu havikuwa vimesahau chochote. Angeweza kunyamaza, maana hakuna aliyemshuku, lakini Cucu alikuwa bado anaitazama mikono yake.

"Si Cucu," akasema, machozi yakimlengalenga. "Ni mimi. Nilizikata fupi ili kusiwe na baki. Nilikudanganya, Baba."

Kivuti akapima kamba moja, akatikisa kichwa. "Hizi sentimita thelathini zilizopungua zilikuwa za fundo la pili. Bila fundo hilo, beberu akivuta mara mbili tatu yuko shambani kwa watu. Haya, piga hesabu. Zimepungua kiasi gani zote pamoja?"

"Thelathini mara kumi na sita... 480. Mita nne na sentimita themanini."

"Hizo nitazisokota mimi," Cucu akadakia, "na kidogo za kuunganishia. Niletee mkonge!"

Jumamosi nzima Igoki alipara majani ya mkonge mpaka mikono ikamwasha. Cucu alisokota nyuzi na kurefusha kamba moja baada ya nyingine, akimgombeza kila alipoletewa nyuzi chafu. Jioni alimfunga beberu kwa mafundo mawili. "Vuta," akamwambia Igoki. Igoki akavuta kwa nguvu zake zote. Fundo halikusogea, na Kivuti hakumtaja kibarua tena.

"Hesabu yako ya kwanza ilikuwa sahihi, binti yangu," alisema. "Lile baki lilikuwa linatuambia kamba haitoshi. Ungeniambia, ningeongeza nyingine. Ulilificha, na aliyelibeba ni Cucu."