Kifaranga Aliyelala Ufukweni

Kwa Soila hakuna mtoto wa mnyama anayelala na njaa. Mwanambuzi akifiwa na mama yake, Soila humbeba kifuani na kumnywesha maziwa kwa chupa. Ndivyo alivyolelewa: mtoto aliyeachwa porini haachwi mara ya pili. Mumewe Lerionka humtania kwamba ipo siku atalea hata fisi. Lakini anayechemsha hayo maziwa ni Lerionka mwenyewe.

Wanaishi magharibi ya Mlima Meru, karibu na ziwa dogo la magadi. Upande mmoja wa ziwa ni hifadhi ya ndege. Mpaka wake ni mawe yaliyopakwa chokaa.

Alasiri moja mbuzi wa Soila alivuka mawe yale. Soila akamfuata. Ufukweni akaona kifaranga amelala kifudifudi, ametulia tuli. Karibu yake ndege mkubwa alikuwa akiburuta bawa na kulia kwa nguvu.

"Maskini! Mama amevunjika bawa na mtoto hana wa kumlea," Soila akasema.

Akamfunga kifaranga kwenye pindo la shuka, akaenda naye nyumbani.

Kifaranga hakutaka maziwa. Soila alijaribu kijiko, akajaribu kidole. Wapi!

"Mama Jackline," Lerionka akamwambia mkewe, "ndege hanyonyi. Hayo maziwa atayajulia wapi?"

"Nyamaza, unamtisha mtoto!"

Kifaranga alianza kutetemeka. Lerionka akaacha kucheka. Akaenda kumwita Namnyaki, binti wa jirani, ambaye ni mlinzi wa hifadhi ile. Kabla ya hapo alifanya kazi kwenye hifadhi ya bahari huko Tanga.

Namnyaki alikuja mbio, bado amevaa sare.

"Shikamoo, yeyo," akamwamkia Soila, yaani mama kwa Kimaasai.

"Marahaba, mwanangu. Huyu yatima anakufa. Nisaidie."

"Yeyo, huyu si yatima. Mama yake yupo."

"Lakini amevunjika bawa! Nimemwona kwa macho yangu."

"Hajavunjika. Alikuwa anajifanya, ili umfuate yeye umwache mtoto. Na mtoto hulala tuli ili asionekane."

Soila akamtazama kifaranga. Machozi yakamlengalenga.

"Kumbe alikuwa ananiambia nimkamate yeye," akasema. "Nami nikamchukua mtoto mbele yake."

"Hukujua, yeyo. Hata kule Tanga wageni waliokota vifaranga wa ndege wa baharini kwa huruma tu. Huyu anajitafutia wadudu mwenyewe. Anachohitaji ni joto la mama yake, na jua linashuka. Twende."

"Atampokea, na mimi nimeshamshika?"

"Atampokea. Ila tukimweka, tuondoke."

Wakaenda wote watatu, wakamweka palepale alipookotwa, kisha wakarudi hadi kwenye mawe. Ufukwe ulikuwa kimya.

"Mbona haji?" Soila akanong'ona.

"Anatuona. Turudi nyuma zaidi."

Soila hakuwa amewahi kumwacha mtoto chini akaondoka. Akasita. Lerionka akamshika mkono, wakaenda pamoja.

Ndipo mama ndege akatokea. Akakimbia, akasimama, akakimbia tena. Kifaranga akainuka, akajipenyeza chini ya manyoya yake.

"Bawa limepona!" Soila akasema, huku analia na kucheka.

Njiani Namnyaki aliwaeleza sababu ya mpaka. Ndege wale hutaga mchangani, bila kujenga kiota juu ya mti. Mbuzi mmoja akipita, mayai yanapondwa. Mbwa akipita, vifaranga wanaliwa.

Tangu siku hiyo Soila huchunga mbuzi wake upande wa pili wa ziwa. Jumapili baada ya ibada huwaambia akina mama wenzake: "Ukiona kifaranga peke yake, usimguse. Rudi nyuma, mama yake yuko karibu. Akiwa ameumia kweli, mwite Namnyaki."

Mwaka huu mbuzi walikaribia tena mawe meupe. Ndege mmoja akatoka mbio, akaanza kuburuta bawa mbele ya Soila na kupiga kelele.

Soila akawageuza mbuzi wake upesi.

"Basi, mama mwenzangu," akamwambia. "Pumzika. Nimekuelewa."