Makofi Mawili ya Firmin

"Ulipiga makofi, kaka! Nimesikia kwa masikio yangu!"

"Nipige kwa mikono ipi, Odile? Yote ilikuwa ndani ya ndoo ya chokaa, naipaka isiteleze! Au unataka waseme Anselme anaua ndugu zake?"

Odile alikuwa bado chini, kiwiko kikivuja damu. Sarakasi yao ilikuwa na sheria moja: mrukaji huruka kinyumenyume bila kutazama, na mdakaji hupiga makofi mawili kumjulisha kwamba mikono iko tayari. Aliyasikia. Akaruka. Hakudakwa.

Bwana Thibaud, mpiga picha za sinema, aliacha kuzungusha kamera. "Jua linatukimbia, wanangu. Kesho mtarudia."

Kulikuwa bado kweupe chini ya paa la vioo, lakini palinuka kafuri. Firmin, kaka yao mkubwa, ndiye aliyekuwa akijipaka kafuri kabla ya kuruka. Alianguka mahali hapo hapo mwaka jana, akafa, kamera ikizunguka. Mkanda wa picha hizo haukutupwa. Huonyeshwa kinyume, watu wacheke: maiti inainuka sakafuni, shingo inanyooka, inapaa kurudi juu.

"Dada," Anselme alinong'ona, "tazama mguu wako."

Kwenye soksi yake nyeusi palikuwa na alama ya chokaa, kiganja kimeshika kifundo. Vidole vinne. Firmin alikuwa na vinne.

"Kila wakimchezesha kinyume wanamwamsha," Anselme akasema. "Na akiamka anakukuta wewe mahali pake."

Jioni ile waliuiba mkanda, wakauchoma jikoni ndani ya sufuria, na moto ukaruka hadi darini, na katika moshi ule mweusi kitu kikapiga makofi mawili, tena mawili, tena mawili, karibu na kisogo cha Odile, naye akang'ang'ania meza kwa mikono yote asije akaruka, maana miguu yake ilikuwa imeshaanza kujikunja yenyewe, mpaka mkanda ukawa majivu na harufu ya kafuri ikatoweka.

"Ameondoka," Odile akasema, akacheka huku akilia. "Kesho nitaruka, kaka."

Mlango ukagongwa. Mara mbili. Alikuwa Bwana Thibaud, kofia mkononi, uso unang'aa.

"Wanangu, Firmin wenu anapendwa! Leo asubuhi nimetuma nakala za mkanda wake kila mji wenye maonyesho, na wote nimewaandikia wamchezeshe kinyume."