Dakika Kumi za Mwisho

Jioni ile nilitoka kufuata diski tu. Ya zamani ilikuwa imechubuka mpaka picha inagandaganda, na mimi siku bila ile filamu ya mapenzi haikuwa siku. Si kwa ajili ya wapenzi wenyewe, wala. Marehemu mume wangu alikuwa mtafsiri wa filamu. Alijifungia chumbani, akatundika blanketi mlangoni, akanyonya pipi za kifua, kisha akasema maneno ya wote: mume, mke, hata daktari. Filamu hii, yenye sauti yake, ndiyo ilikuwa kazi yake ya mwisho. Alifariki zikiwa zimebaki dakika kumi hajazitafsiri.

Muuza diski alinipa nakala mpya, picha safi kama kioo kilichotoka kufutwa. Akanitahadharisha kwamba hii ni ya asili, haina sauti ya mtafsiri yeyote. Nikaichukua hivyo hivyo, maneno yake nilishayakariri.

Niliiwasha sebuleni kabla hata ya kuwasha taa. Kwenye filamu, mwanamke akafungua mlango...

"Umechelewa," akasema mume wangu.

Rimoti ikanidondoka.

Ilikuwa sauti yake, na utani wake. Yule mwanamke wa kwenye filamu alipolia, mume wangu akamwambia afute kamasi kwanza. Mungu anisamehe, nilicheka huku machozi yananitiririka. Sebule nzima ilinukia pipi za kifua.

Zilipobaki dakika kumi, akanyamaza. Midomo ya wapenzi ikaendelea kucheza bila sauti. Nikasikia pumzi... kikohozi... halafu mnong'ono.

"Mke wangu, niache nimalize. Nikimaliza, naondoka."

Nikairudisha mwanzo.

Wiki nzima nilifanya hivyo. Kila jioni sauti ilizidi kukauka. Utani ukaisha, kikohozi kikawa kirefu. Nilijua namtesa, na bado sikuweza kumwachia.

Jana mamamkwe alikuja kunijulia hali. Nikamkaribisha tutazame filamu, maana nilitaka kujua kama nimerukwa na akili. Kikohozi kilipoanza, aliweka kikombe chini. Miezi mitatu alimuuguza mwanawe, asingeweza kukosea kikohozi kile. Akanishika mkono.

"Mwanangu anateseka humo," akanong'ona. "Mwache amalize."

Nikampa rimoti aishike yeye, maana mimi sijiamini.

Dakika kumi zikaanza kwenda. Mume wangu alisema kila neno, polepole, kama anayepanda ngazi na mzigo. Tano. Tatu. Sauti ikaanza kurudi kuwa nzuri, na harufu ya pipi ikawa inafifia. Nililia, ila kifua changu kilikuwa kimeanza kuwa chepesi.

Ikabaki moja.

Nikasikia kitufe kikibonyezwa.

Picha zikaanza kukimbia kinyumenyume. Nikamgeukia mamamkwe. Alikuwa ameikumbatia rimoti kifuani, macho hayabanduki kwenye televisheni.

"Mara moja tu," akasema. "Nimsikie mara moja tu."

Filamu ikaanza upya. Mume wangu hakusema neno hata moja. Alikuwa analia.