Mkono Ulioota Nyama

Foleni ya dirisha la tiketi ilikuwa imebanana pale mkono wa kulia wa mwokaji mikate ulipomshika kinyozi kiwiko, ukakataa kumwachia. Ulikuwa mkono wa bandia, wa chuma na nyaya. Ule wa kuzaliwa nao ulisagwa na mashine ya kukandia unga. Mwokaji alivaa gauni la njano la mikono mirefu na glavu nyeupe, na jasho la aibu lilimtoka akihangaika kuvikunjua vidole.

"Dada, kama umenipenda sema tu," kinyozi alimwambia taratibu. "Mimi sina haraka."

Wakazoeana. Wakawa wanapigiana simu kutwa, kinyozi akimwita chuma changu, naye akicheka. Ila mwokaji alimficha jambo moja: karibu na kiwiko, nyama yake ilikuwa imeanza kutambaa juu ya chuma. Mishipa ilijisokota na nyaya, na ngozi nyororo kama ya mtoto mchanga ilipiga mapigo juu ya skrubu.

Siku alipoupandisha mkono wa gauni amwonyeshe, kinyozi aliziba mdomo, akatoka mbio.

Jioni kinyozi alipiga simu, akakuta imezimwa. Alipiga wiki nzima. Mwishowe akaenda kwa mama wa mwokaji, ambaye alimjibu akiwa mlangoni: binti yake alikuwa hospitali, anakwenda kuukata mkono huo, na mwenye la kusema akaseme huko.

Alimkuta kwenye benchi la wodi, keshavalishwa gauni la kijani la upasuaji.

"Nilitapika," kinyozi alisema. "Sitakudanganya. Niliogopa, kisha nikaona haya kurudi."

"Sasa umefuata nini?"

"Nimekuja kukuuliza. Unaukata kwa ajili yako au yangu? Kama ni yako, nakaa hapa mpaka utoke. Kama ni yangu, mpenzi, twende nyumbani."

 Mwokaji akamweleza kwamba tangu nyama ile iote, vidole vya chuma vimeanza kuhisi joto. Juzi alijua mkate umeiva kwa kuugusa tu. Hakuwahi kutaka kuukata.

Kinyozi akaweka kiganja pale chuma kilipozama nyamani. Hakukiondoa.

"Unanisikia?"

"Nakusikia. Una baridi, mume wangu."

Neno lilimponyoka. Akainamisha uso.

"Mume?" kinyozi aliuliza.

"Kama huogopi."

"Bado naogopa," alisema. "Nikubali hivyohivyo."

Akamkubali.